Una wikiendi moja tu ya kikapu cha vyuo mwezi Machi: Big East, ACC, Big 12 au Ivy?

Kila ikikaribia Machi simu yangu haipumziki. Jamaa mmoja yuko New Jersey, mwingine Des Moines, binamu yangu yuko Dar anakesha na bando lake, na wote swali lao moja: "Kaka we si ndo mtu wa kikapu, mi nina wikiendi moja tu, haya mashindano ya konferensi yako kibao, nishike yapi?" Kila mwaka namjibu mmoja mmoja nusu saa nusu saa mpaka sauti inakauka, kwa hiyo mwaka huu naandika mara moja yaishe.

Kwa ambaye ndo anaanza: vyuo vya Marekani vimejigawa kwenye konferensi, yaani ligi, zamani zilikuwa ligi za majirani ila siku hizi Stanford ya California inacheza ACC, ligi ya pwani ya Atlantiki, bahari yenyewe hawaioni, ila ndo hela ya televisheni hiyo. Ligi ikimaliza msimu wa kawaida inacheza mtoano wa siku chache, ukifungwa funga begi. Bingwa wa mtoano anaingia moja kwa moja kwenye yale mashindano makubwa ya taifa ya timu 68. Mwaka 2025 nafasi za namna hiyo zilikuwa 31, na zile 37 zilizobaki kamati ilikaa chini ikachagua yenyewe. Shika hizo namba mbili maana ndo zinaendesha kila kitu huko chini.

Nimechukua nne tu. Big East inayochezwa New York, ACC inayohamahama, Big 12 ya Kansas City, na Ivy, ile ligi ya kina Harvard na Yale, ambayo watu wanaidharau sana kwenye kikapu. Nazipima kwa vitu vinne: anayefungwa anapoteza nini, ukumbi na mji ukoje, mechi zinaangukia saa ngapi, na mfuko wako utaumiaje. Ubora wa wachezaji sijauweka kama kigezo, kwa sababu kwa hilo zile tatu kubwa zinapokezana mwaka hadi mwaka na Ivy iko chini yao, hakuna cha kujadili.

Anayefungwa anapoteza nini

Hiki kwangu ndo kigezo cha kwanza na ntakaa hapa kidogo.

Ivy wana vyuo nane, wanaoingia kwenye mtoano ni wanne wa juu tu, na kwa kawaida anayetoka kwenda taifa ni mmoja. Mmoja! Maana yake unaweza kucheza vizuri kuanzia Novemba mpaka Machi halafu dakika moja mbovu ya Jumapili ikafuta kila kitu. Fainali ya 2024 nenda kaitafute uiangalie mwenyewe, Brown walikuwa hawajagusa mashindano ya taifa tangu 1986, wanaongoza mwishoni kabisa, halafu Matt Knowling wa Yale akapiga la mwisho, muda ukaisha, 62 kwa 61. Wiki hiyohiyo Yale hao hao wakaenda taifa wakawatoa vigogo Auburn 78 kwa 76, kwa hiyo usiniambie ni timu za kuchezea.

Big 12 ni kinyume chake. Mwaka 2024 walipeleka timu nane taifa, 2025 wakapeleka saba. Sasa timu ambayo inajua kabisa imeshaingia inapigania nini? Inapigania kupangwa vizuri, basi. Fainali ya 2024 Iowa State waliwabonda Houston 69 kwa 41, pointi ishirini na nane, fainali jamani, na kesho yake Houston wakatangazwa namba moja kwenye kundi lao la taifa kama hakuna kilichotokea. Presha kule ipo, ila iko kwa timu za katikati, zile ambazo kamati inazikunia kichwa, kwa hiyo ukienda Kansas City Jumatano angalia mechi za hao, ndo zina damu.

Big East wako katikati. 2025 walipeleka watano, ila 2024 walipata nafasi tatu tu, na hapo watu walilia kweli. Seton Hall walikuwa wameshinda mechi 13 za ligi na kufungwa 7, na wakaachwa, wakaenda yale mashindano ya pili ya NIT wakayabeba, sijui walitaka kumwonyesha nani, ila waliyabeba.

Na mojawapo ya sababu za watu kuachwa mwaka ule iko ACC. NC State walimaliza msimu hoi, wakaingia mtoano wakiwa namba kumi, maana yake ili wabebe kombe lazima washinde mechi tano ndani ya siku tano. Nusu fainali na Virginia walikuwa nyuma kwa pointi tatu, sekunde zimeisha, Michael O'Connell akarusha ya mbali ya pointi tatu ikagonga ubao ikazunguka ikaingia, wakaenda ovataimu, yaani muda wa ziada, wakashinda, kesho yake wakawapiga majirani zao North Carolina 84 kwa 76. Bila hilo kombe wasingekuwa na nafasi yoyote ile. Walipoingia taifa wakafika mpaka nne bora. Nafasi waliyochukua ilikuwa ya mtu mwingine aliyekuwa ameshajihesabia, huku wanaita wizi.

Ila ACC ndo wenye haki ya kuongea juu ya presha kuliko wote, kwa sababu zamani ligi moja ilikuwa inatoa timu moja tu kwenda taifa, na kwao huyo mmoja alikuwa bingwa wa mtoano. Mwaka 1974 pale Greensboro NC State ya nyota wao David Thompson ilicheza fainali na Maryland, ovataimu, 103 kwa 100. Maryland walikuwa kati ya timu bora kabisa nchi nzima na wakabaki nyumbani wakiangalia NC State wakichukua ubingwa wa taifa. Mwaka uliofuata mashindano ya taifa yakapanuliwa mpaka timu 32 na ligi moja ikaruhusiwa kupeleka zaidi ya timu moja. Mi nikiangalia leo timu kibao za Big 12 zinaingia huwa nawakumbuka wale Maryland.

Ukumbi na mji

Big East hapa wana jambo lao. Mtoano wao uko Madison Square Garden tangu 1983, hakuna ligi nyingine iliyong'ang'ania jengo moja muda mrefu hivyo. Jengo lenyewe liko juu ya stesheni ya Penn, yaani unashuka kwenye treni, unapanda ngazi za umeme, unatokea kwenye harufu ya karanga za kuchoma na watu wa jezi nyekundu za St. John's wanaimba, hujaona hata jua. Ndani taa zinawaka uwanjani tu, mashabiki wamekaa gizani kama kwenye tamthilia, na bendi za vyuo viwili zinajibizana kutoka pande mbili za uwanja mpaka unasahau kuna mpira.

Halafu kwa Mtanzania kuna hili. Tarehe 12 Machi 2009, robo fainali, Syracuse na Connecticut walicheza ovataimu sita. Sita. Ikaisha 127 kwa 117, Jonny Flynn wa Syracuse alicheza dakika 67. Na pale katikati kwenye jezi ya Connecticut alikuwa kijana wa Dar es Salaam, Hasheem Thabeet, msimu huohuo alikuwa mchezaji bora wa Big East kwa kugawana na DeJuan Blair wa Pittsburgh, na miezi mitatu baadaye akachaguliwa wa pili kwenye drafti ya NBA, pale timu za kulipwa zinapochagua wachezaji wapya. Timu yake ilifungwa, ndiyo, lakini mimi nikikaa zile siti za juu huwa natazama ule mstari wa faulo najiambia mtoto wa Bongo alisimama hapo usiku wa manane. Syracuse nao kesho yake wakacheza ovataimu tena, hao watu sijui walikula nini.

ACC hawana nyumba moja. Nyumbani kwa asili ni Greensboro, North Carolina, ligi ilizaliwa pale 1953 na mji ule wenyewe wanajiita mji wa mashindano, ila wamezunguka Charlotte, Atlanta, Tampa, Washington, hata Brooklyn. Wazee wa Carolina hawapendi kabisa mambo ya Brooklyn. Kwa hiyo kabla hujaamua angalia kwanza mwaka huo wako wapi, kwa sababu ACC ya Charlotte na ACC ya Washington ni safari mbili tofauti kabisa. Ikiwa Carolina utapata kitu ambacho New York hakipo: Duke, North Carolina na NC State wote nyumbani kwao kwa gari tu, ndugu wa familia moja wamevaa rangi tatu na hawaongei. 2025 ilikuwa Charlotte, nyota wa Duke Cooper Flagg akaumia kifundo cha mguu robo fainali na Duke wakabeba kombe bila yeye, na ndani chini ya kikapu alikuwa amesimama Khaman Maluach, mzaliwa wa Sudan Kusini aliyekulia Kampala, mrefu kama mnazi, baadaye akachaguliwa wa kumi NBA. Waganda na Wasudani Kusini, hiyo ni yenu.

Kansas City ni mji mdogo ukilinganisha, na hapo ndo utamu wake. Ukumbi wa T-Mobile Center uko katikati ya mji, ukitoka mlangoni ng'ambo ya barabara ni mtaa mzima wa baa na migahawa, mashabiki wote wanamwagikia hapo hapo. Iowa State wanakuja maelfu kwa maelfu, wanaugeuza mji njano na nyekundu. Tramu ya katikati ya mji ni bure, hulipi hata senti. Pembeni ya ukumbi kuna makumbusho ya kikapu cha vyuo, na kwa miguu unafika Municipal Auditorium, jengo la zamani lililochezewa nne bora ya taifa mara tisa, hakuna jengo lililofikia hapo. Na nyama, jamani. Kuna vile vipande vya ncha za mnofu wa ng'ombe vilivyochomwa kwa moshi mpaka vinakuwa vyeusi nje na laini ndani, mtu wa nyama choma ukionja hapo unanyamaza kwanza. Nilichokosa Kansas City ni stori ya kwetu, hata Joel Embiid, Mkameruni aliyechezea Kansas, timu ya Big 12, hakucheza mtoano huo, mgongo ulimtoa.

Ivy wanazunguka kwenye viwanja vya vyuo vyenyewe, Harvard 2022, Princeton 2023, Columbia 2024, Brown 2025. Ule wa Harvard unaingiza watu kama 1,600, shule za sekondari zina kumbi kubwa kuliko hiyo. Maana yake unakaa karibu mpaka unasikia viatu vinavyolia sakafuni na kocha anavyomfokea kijana wake kwa jina. Bingwa akipanda ngazi na mkasi kukata wavu wewe uko hatua chache tu, unamwona mama yake analia. Halafu wanawake na wanaume wanacheza ukumbi mmoja wikiendi moja, kitu ambacho hao wakubwa hawakupi.

Saa

Hapa nina aibu yangu ya kukiri. Mara ya kwanza nilipokata tiketi ya Garden iliandikwa 7:00, na kichwa changu cha Kiswahili kikasoma saa saba. Saa saba mchana niko mlangoni, nimevaa, nimechana, kijana wa mlangoni anaskani anatikisa kichwa, anaskani tena. Tiketi ilikuwa ya kikao cha jioni, saa moja usiku. Nikazunguka Manhattan na baridi ya Machi saa sita nzima. Kwa hiyo ujue: tiketi zinauzwa kwa kikao, kikao kimoja kwa kawaida ni mechi mbili, na kikao cha mchana kikiisha wanawatoa wote nje ndo waingie wa jioni.

Kwa wa Afrika Mashariki, Machi hiyo saa za New York zinakuwa nyuma ya zetu kwa saa saba, na Kansas City kwa saa nane. Mechi za mapema zinazoanza mchana kule unazipata jioni ukiwa umeshafika nyumbani, raha mustarehe. Shida ni fainali. Big 12 kwa kawaida inaanza kwenye saa saba usiku wa kuamkia Jumapili kwa saa za kwetu, Big East nusu saa baadaye, ACC ndo balaa, saa tisa na nusu usiku, hapo unaamua ulale kwanza au usilale kabisa. Ivy fainali yao huwa Jumapili mchana, kwetu saa moja jioni. Saa moja! Umekula, umeoga, watoto wako macho, unaangalia mechi ya kufa na kupona bila kukesha. Binamu yangu wa Dar nilimwambia hili akanyamaza kidogo, akasema "kumbe miaka yote nateseka bure."

Na kama unapenda kukesha, ile ya ovataimu sita iliisha New York saa saba na dakika kama ishirini usiku, maana yake Dar ilikuwa saa mbili asubuhi imepita, watu wako kazini.

Mfuko

Sitaandika bei maana zinapanda na kushuka kila saa, ila mwenendo uko hivi. New York inakuua kwa hoteli kuliko tiketi, kwa hiyo kama una ndugu New Jersey au Bronx pa kulala umeshinda nusu ya vita, treni inakushusha chini ya ukumbi. Kansas City hoteli ni nafuu kuliko New York ila zinajaa mapema, na uwanja wa ndege uko mbali kaskazini. ACC inategemea mji. Ivy ndo rahisi kuliko zote, shida yake ni kwamba kumbi ni ndogo na wenye timu wanaziwahi tiketi, ukichelewa hupati hata ukiwa na hela.

Mbinu moja inayofanya kazi kwenye zile tatu kubwa: usikate tiketi ya wikiendi mapema. Timu yenye mashabiki wengi ikitolewa Alhamisi usiku, hao mashabiki wanarudi makwao na tiketi zao za Ijumaa na Jumamosi zinamwagwa sokoni. Mi nasubiri kilio cha mtu halafu nanunua. Siku ya kwanza nayo ni rahisi, viti vitupu vingi, unaweza kuona mechi nne Kansas City au tatu Charlotte mpaka makalio yauma. Kwenye wingi wa mechi, Big 12 ya 2025 ilikuwa na mechi 15, ACC 14, Big East 10, Ivy kwa wanaume 3 tu.

Sasa wewe uende wapi

Kama hujawahi kuona kikapu cha vyuo kabisa na unataka kitu cha kusimulia nyumbani, na uko ukanda wa New York, nenda Big East Alhamisi, siku ya robo fainali, mechi nne na timu zote nzuri bado zipo. Usiende Jumatano labda mfuko umebana.

Kama mnaenda kikundi, mna gari, mnapenda kula na kutembea usiku na mpira ni sehemu tu ya raha, Kansas City. Mlio Iowa, Missouri, Nebraska huko hamna kisingizio.

Kama wewe ni mtu wa upinzani, yaani wa Simba na Yanga, Gor na Ingwe, unataka kuona watu wanaochukiana kwa heshima, ACC, ila subiri mwaka ambao wako Carolina. Ikiwa mji mwingine bado ni mashindano mazuri, ila lile joto la jirani kwa jirani linapungua, na mimi nisingesafiri mbali kwa ajili hiyo.

Kama una watoto, hasa binti anayecheza kikapu shuleni, Ivy. Ataona wanawake wakicheza karibu, ataona pia kwamba hao wachezaji hawapewi udhamini wa michezo, wamesoma wakaingia, maongezi ya kurudi nyumbani kwenye gari yatakuwa mazuri. Na hujafilisika.

Kama uko Dar, Nairobi, Mombasa au Muscat (wa Muscat ongezeni saa moja) na unaangalia kwa simu: Alhamisi jioni shika mechi za mchana za yoyote kati ya zile kubwa, Jumamosi usiku chagua fainali moja tu, Big East au Big 12, usijaribu zote maana zinagongana, ACC waachie vijana na wagonjwa wa Duke. Jumapili saa moja jioni washa Ivy. Ukimaliza, usiku huohuo kamati inatangaza zile timu 68, kwa saa za kwetu kuanzia kwenye saa saba, na hapo kama kesho yake una kazi mimi simo.